Usimfungie Kaa Mlango

Iko siku moja, mwanangu, ambayo sijaisahau mpaka leo. Nilishuka chemchemini asubuhi, bibi arusi wa juzi, nikainamisha kibuyu kuchota maji, kikagonga jiwe. Nilisikia ule mlio, ko, nikajua nimeingia kwenye shida ambayo sikuitafuta. Nakusimulia leo kwa sababu wewe na wenzako mmerundika mifuko ya simiti pale kwenye ukumbi wangu, na naambiwa Jumamosi mtashuka kuijengea chemchemi.

Sisemi simiti ni mbaya. Nimeziona chemchemi za wenzetu zilizojengewa na watu wanaojua, maji yanatoka kwenye bomba, safi, na watoto hawaumwi matumbo kila mara. Tena mimi mwenye magoti mabovu bomba litanifaa kuliko wewe. Lakini jana nilimsikia mmoja wenu akisema mtaanza kwa kumwaga dawa ya kupe kwenye matundu ya ukutani, eti wale kaa wanaoishi humo wafe wote msumbuke mara moja tu. Hapo nikaweka kikombe cha uji chini. Mimi ni mwoga, nakubali, na ukitaka kunicheka cheka tu, lakini cheka ukiwa umeketi.

Niliolewa hapa Musanda nikitoka kwetu upande wa Matungu. Babu yako Wesonga, mume wangu, alikuwa kijana mrefu, mwepesi wa kucheka na mwepesi zaidi wa kutenda. Ukimwambia paa linavuja, kabla hujamaliza maneno yuko juu ya paa. Mama yake aliitwa na watu Mama Wesonga, nami nilimwita Mama, kwa sauti ya chini, macho yangu yakiwa kwenye vidole vya miguu yangu. Hakuwa mkali. Alikuwa mtu wa kunyamaza, na kwa bibi arusi kunyamaza kwa mama mkwe kunatisha kuliko matusi, maana hujui umekosea wapi.

Chemchemi yetu ilikuwa chini ya mteremko, ikitoka katikati ya mawe mawili, na ukoo wote ulikunywa hapo. Kuta zake za udongo zilijaa matundu. Mbele ya kila tundu palikuwa na kirundo cha matope laini, na ndani waliishi kaa, weusi, wengine wadogo kama kidole gumba, wengine wa kujaa kiganja. Walichimba giza likiingia, wakachimba mpaka alfajiri. Kwa hiyo asubuhi ukifika maji yalikuwa na tope, ungoje jua lipande kidogo ndipo yatulie. Wenye haraka walichota hivyo hivyo wakayaacha yajichuje kwenye mtungi nyumbani. Mimi sikuwa nimezoea kuchota maji huku nikikodolewa macho na mdudu.

Palikuwa na sheria ambayo Mama Wesonga alinifundisha nilipoenda naye kuchota mara ya kwanza. Kaa akiingia kwenye mtungi wako humtupi njiani. Unamrudisha majini, na unamwambia, "Rudi kazini." Nilidhani ananitania. Nilimrudisha huku nikicheka, nikamtazama usoni nione kama na yeye anacheka, na hakuwa anacheka.

Basi ikaja habari kwamba shangazi zangu wanakuja kuniona. Kwetu shangazi wakija kumtazama mtoto wao aliyeolewa hawaanzi na habari ya nyumba wala ya ng'ombe. Hata chai wanaisogeza kando kwanza. Wanaomba maji ya kunywa, wanayaangalia kwenye kikombe cheupe, wanayanywa polepole, halafu ndipo wanaketi vizuri. Nyumba njema si mlango, fungua uingie ndani. Na kwa shangazi zangu, ndani ya nyumba ni kwenye mtungi. Mkubwa wao, Shangazi Nafula, alikuwa na ulimi ambao ukikupata, jina lako linafika sokoni kabla yako.

Nilikosa raha. Nikamwambia Wesonga.

"Shangazi Nafula anaamkanga mapema. Watafika hapa kabla maji itulie. Atarudi akisema nimeolewa kwa matope."

"Hiyo tu ndiyo inakunyima usingizi?" akasema, akicheka. "Mambo ya maji niachie."

Wala sikumuuliza atayafanyia nini. Siku ya soko, wanawake wote wakiwa hawapo, alishuka na jembe, na debe, na mchi wa kinu cha mama yake. Aliwatoa kaa mmoja mmoja kwenye matundu, akawajaza kwenye debe, akaenda kuwamwaga kule mtoni, mbali. Kisha akachukua udongo wa kichuguu, ule tunaokandikia nyumba, ambao ukikauka jembe linaruka, akaujaza kwenye kila tundu na kuushindilia kwa mchi. Alirudi na kidole kimevimba kwa kubanwa, amefurahi kweli kweli.

"Nimehamisha wachafuzi," aliniambia. "Wakatafute kwingine pa kuchezea matope."

Mdharau mwiba mguu huota tende. Lakini siku hiyo hakuna aliyeona mwiba. Nilimsifu mume wangu. Nilimkanda kile kidole kwa maji ya moto na chumvi, nikajiona nimepata mtu.

Shangazi walipofika, maji yalikuwa yanang'aa mpaka ukaona uso wako ndani. Shangazi Nafula aliinua kikombe, akakigeuza huku na huku kutafuta kosa, akalikosa. "Nekesa," akasema, "kumbe wewe unakunywanga kioo!" Watu wakacheka, obusuma, ugali wetu, ikaletwa na ingokho, kuku wa wageni, tukala tukashiba. Mama Wesonga peke yake alishika kikombe chake muda mrefu bila kunywa. Aliuliza, kama anayejiuliza mwenyewe, "Hii maji imetulia saa ngapi?" Hakuna aliyemjibu, kwa sababu nyumba ilijaa vicheko. Uzuri wa mkakasi, ndani kipande cha mti, na nadhani yeye alianza kukiona kile kipande palepale mezani.

Haikuchukua muda maji yakaanza kushuka. Kwanza tulidhani ni macho yetu. Kisha ile alama ya ukijani kwenye jiwe ikabaki juu, kavu. Ndipo ikaja asubuhi ile niliyokuambia, kibuyu kikagonga chini. Na haikuwa kiangazi, mwanangu. Maharagwe yalikuwa yanatoa maua, mvua ilikuwa bado inanyesha alasiri. Maji yakipungua wakati wa jua watu hulaumu jua. Yakipungua mvua ikinyesha watu hutafuta mtu.

Hawakutafuta mbali. Ni nani alikuwa mgeni pale? Nani alifika juzi na sanduku lake? Mwanamke mmoja wa jirani, Mama Auma, tulipokuwa kwenye foleni tukisubiri tone kujaza kibuyu, alisema bila kunitazama: "Iko miguu inakujanga na mvua, na iko miguu inakaushanga. Mimi sitaji ya nani." Waliobaki wakatazama mitungi yao. Lisemwalo lipo, kama halipo laja. Nilibeba mtungi wangu nusu tupu nikapanda mteremko, na kila hatua niliiangalia miguu yangu hii, nikiiuliza kama kweli imenifanyia hivyo.

Watu wakaanza kwenda mtoni, kule ng'ombe wanakokunywa na kukojoa. Watoto wakaanza kuharisha. Mtoto wa kaka yake Wesonga, ndiyo kwanza anatambaa, alilegea mpaka tukamkimbiza hospitalini, na mama yake aliponipita mlangoni akiwa amembeba hakunisalimu. Nilimwelewa. Mtoto wako akiwa hivyo hukumbuki heshima.

Nyumbani nako mambo yakawa kimya. Nilikuwa nikitumwa chumvi kwa jirani, sasa akatumwa mwingine. Nilikuwa nikiwasha moto wa asubuhi, sasa nikiamka naukuta umewaka. Akufukuzaye hakwambii toka. Tena mila zetu zilinifunga mdomo: bibi arusi hasimami mbele ya baba mkwe akajitetea, hata njiani akimwona anakuja humpisha. Nikasikia kwamba Jumapili baada ya ibada wazee wa ukoo watakaa. Hakuna aliyeniambia watakaa kwa sababu gani, na sikuuliza. Nilikuwa nimeshaanza kukunja nguo zangu akilini, nikifikiria namna nitakavyoingia kwetu mchana watu wakiona, na Shangazi Nafula amekaa pale na sifa zake za kioo.

Siku hizo nilikuwa nashuka chemchemini hata bila mtungi. Nilikaa tu pale nikiangalia mawe. Ndipo nikaona kitu. Ule udongo wa kichuguu alioushindilia Wesonga ulikuwa umelowa, unatoka jasho, lakini maji hayapiti. Na nilipotembeza macho chini zaidi ya mteremko, ng'ambo ya mpaka, kwenye nepia ya Mzee Okumu, majani yale ya kulishia ng'ombe, niliona yamenawiri kuliko mahali pengine popote, na ardhi inang'aa.

Mzee Okumu alikuwa jirani yetu, lakini ujirani wa kutazamana tu. Yeye na baba mkwe waligombana juu ya mpaka ule kabla sijaolewa, na tangu hapo hakuna aliyekula kwa mwenzake, hata msibani. Nilipanda mbio nikamwita Wesonga. Alivuka mpaka akichungulia kama mwizi, akang'oa shina moja la nepia, na mahali mzizi ulipokuwa maji yakajaa. Tulitazamana. Kile kicheko chake sikukiona siku ile.

"Usiambie mtu," alisema. "Mimi ndiye nitasema."

Nikamwamini. Lakini kesho ikaja hakusema, na kesho yake vilevile. Alikuwa anaogopa, mwanangu. Angesema nini mbele ya wazee? Kwamba amechukua maji ya ukoo mzima akampelekea mtu ambaye baba yake hataki kusikia jina lake? Kila jioni aliniambia, "Ngoja kidogo." Ngoja ngoja huumiza matumbo, na tumbo lililoumia lilikuwa langu. Ningeweza kusema mwenyewe. Lakini mke mgeni anayemtaja mume wake mbele ya ukoo, nani atamwamini? Wangesema nimekausha maji na sasa namsingizia mtoto wao. Mficha maradhi kilio humfichua, nilikuwa najua hivyo, ila sikujua kilio kitakuwa cha nani.

Jumamosi, siku moja kabla ya wazee kukaa, wanawake walishuka pamoja kuifagia chemchemi. Walifikiri labda imezibwa na majani. Mama Wesonga aliingia kwenye kile kidimbwi kilichobaki, akapandisha nguo mpaka magotini, akaanza kupapasa ukuta kwa vidole vya miguu, taratibu. Alifika mahali akasimama. Akainama, akaingiza mkono, akachokonoa, akatoa donge la udongo mgumu. Akalinusa. Akatafuta tundu la pili, nalo likawa hivyo. La tatu pia.

Alipoinuka alipaza sauti, na wengi wetu ilikuwa mara ya kwanza kuisikia sauti yake ikipanda.

"Nani amefungia fundi mlango?"

Macho yote yakanigeukia.

"Nauliza nyinyi!" akaendelea. "Mnafikiri hii maji inajitoleanga yenyewe? Sisi kazi yetu ni kuchota. Huyu kaa ndiye anachimba ndani huko, anatoa jani, anatoa tope, anafungua njia, maji inamfuata. Hiyo matope mnalalamikanga asubuhi ni takataka ya kazi yake. Sasa mtu amekuja amemtoa, na amefunga na udongo ya kichuguu. Maji itapita wapi? Maji haibishananga na mtu. Ukiifungia hapa inaenda kwa mwingine."

Mama Auma akafungua kinywa, akaninyooshea kidole. Nami nikajua sasa ndiyo basi.

Kabla hajasema tukasikia miguu ikishuka mbio. Unajua wanaume wa hapa hawashuki chemchemini asubuhi. Ile ni saa ya wanawake, wengine wanaoga, na mwanamume mwenye adabu hukohoa akiwa mbali na kurudi. Wesonga alikuwa anakata miwa juu pale, akasikia sauti ya mama yake. Alishuka na panga lake mkononi, amechafuka masizi ya miwa iliyochomwa, wanawake wakawa wanajifunika khanga na kupiga kelele. Alipita katikati yao mpaka majini, akaweka panga chini.

"Ni mimi, Mama," alisema. "Huyu hajashika hata donge moja. Ni mimi nilitoa kaa, na ni mimi nilifunga. Na maji iko kwa Mzee Okumu, nimeiona."

Mama yake alimtazama kutoka miguuni mpaka usoni. Nilidhani atampiga na lile donge. Alisema polepole tu, sauti yake imerudi chini:

"Ulitaka wageni wasione tope. Sasa wataona nini?"

Wesonga alilia, mwanangu. Babu yako huyo mliyemjua akiwa mzee wa kanisa, mwenye kifua, alilia mbele ya wanawake wa ukoo akiwa na masizi usoni. Nami nililia, ingawa changu kilikuwa na furaha ndani, na mpaka leo naona aibu kidogo kwa furaha hiyo. Mama Wesonga alitoka majini, akanishika mkono, akawaambia wenzake, "Huyu ni mtoto wangu. Kesho hakuna kikao ya miguu ya mtu." Mama Auma akatafuta kitu kwenye khanga yake ambacho hakikuwepo.

Mimi nilipona. Maji je? Hilo ndilo linaloninyima raha mpaka leo.

Tuliyachokonoa matundu yote, udongo ule ukatoka vipande vipande kama chungu kilichovunjika. Wesonga akashinda mtoni akitafuta kaa chini ya mawe, vijana wenzake wakimcheka na kumuuliza kama ameacha kula nyama siku hizi. Alibanwa mikono yote miwili. Usitukane wakunga na uzazi ungalipo. Yeye aliwatukana, sasa akawa anawabembeleza. Akawarudisha kwenye debe lilelile, tukawaweka chemchemini, kisha tukangoja.

Kila asubuhi niliwahi kushuka. Nililala kifudifudi na kuweka sikio kwenye udongo. Wakati mwingine nilidhani nasikia kitu, kumbe ni damu yangu masikioni. Zile kuta zilikuwa zimeshindiliwa mno, kaa walizigusa wakaziacha. Wakaanza kuondoka, mmoja mmoja, wakifuata unyevu kuteremka. Kaa hajui mpaka wa shamba. Walivuka wakaingia kwenye nepia ya Mzee Okumu, na huko ndiko walikochimba.

Na maji yakatoka huko. Kwanza tope tupu, halafu kufikia mchana yakawa maji, mengi, ya kujaza. Niliyaona yakija na jamaa zake wote. Vyura walihama kwetu wakahamia kule. Kereng'ende wakafuata. Nduma zikaota pembeni bila kupandwa na mtu, na ndege wa kunywa maji wakajua njia mpya kabla yetu. Kule kwetu udongo ukapasuka. Kiumbe wa kujaa kiganja alihamisha kijiji kizima cha viumbe wenzake, na sisi watu tukawa wa mwisho kufuata, tumebeba mitungi. Tangu hapo nimekuwa nikiwaangalia hawa wadogo kwa jicho lingine. Mchwa anapandisha udongo wa chini, na pale alipojenga zamani uyoga unachipuka, na muwa unakuwa mnene. Fuko naye, tunamlaani kwa viazi vyetu, lakini mvua kubwa ikija nimeona inazama kwenye njia zake badala ya kukimbia na udongo wetu mpaka mtoni. Mimi sikusoma mambo haya, na nyinyi mliosoma pengine mna maneno yake mazuri. Ninachojua ni kwamba nchi hii tunayokanyaga kuna wanaoifanyia kazi tusiowaona, na tukiwatoa hatujui ni kitu gani kitalegea.

Baba mkwe na Wesonga walienda kwa Mzee Okumu. Ilibidi. Baba mkwe alivaa koti lake la kanisani, na mtu mzima yule njiani alisimama kama anayetaka kurudi. Nilikuwa nimebeba kuku wa kupeleka, nikabaki nje ya ua, kwa hiyo niliyasikia yote. Mzee Okumu aliwasikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema:

"Maji imekuja yenyewe, siwezi kuifukuza. Na nyinyi ni watu, siwezi kuwafukuza. Chukueni. Lakini huyu kijana aliyeifukuza kwao, yeye na nyumba yake, na watoto wa watoto wake, kila wakifika kwa mpaka wangu wapige hodi. Hata kama hawaoni mtu. Wapige hodi, wangoje kidogo, ndio waingie."

Wesonga akasema, "Nimekubali, Mzee."

Ndiyo ile hodi, mwanangu. Mmekua mkiisema pale kwenye mpaka tangu mlipojua kubeba kijidumu, mkidhani ni adabu tuliyowafundisha. Wajukuu wa Okumu wenyewe hawakumbuki, mara nyingine wanawashangaa. Lile shimo kavu juu pale, mnakotupa makapi ya miwa, ndipo chemchemi yetu ilipokuwa. Babu yako alipiga hodi pale kila siku ya maisha yake, hata alipokuwa anatembelea fimbo, na hakuna siku niliyomwona akiipita kimya. Hakutaka niwaambie akiwa hai. Nimewaambia sasa kwa sababu naogopa.

Sikia ninachokuomba. Msianze na simiti, anzeni na macho. Shukeni asubuhi mapema, kabla wanawake hawajavuruga, mtazame tope linatokea wapi, maana hapo ndipo kaa wanapofungua. Mahali hapo pasishindiliwe, pasijengwe juu yake. Mjenge chini yake, maji yakishatoka yenyewe, na nyuma muwaachie kaa udongo wao. Tafuteni fundi aliyejengea chemchemi nyingine na ikakaa, si yule aliyejengea choo. Nendeni kwa wajukuu wa Okumu kwanza, muwaeleze, muwasikilize, kwa kuwa shamba ni lao. Na mkiona mmekosea, semeni siku hiyohiyo. Babu yako alikuwa mtu mwema, lakini zile siku alizokaa kimya kuna mtoto alikaribia kuzikwa na kuna mke alikaribia kurudishwa kwao.

Unaona kwa nini nahangaika? Wesonga alipoyafunga maji kwetu, yalikuwa na pa kwenda. Yalikwenda kwa jirani, jirani akanung'unika lakini akatupa. Mkiyafunga pale yalipo sasa, chini ya shamba la Okumu hakuna shamba lingine. Ni mto tu. Huko hakuna mtu wa kupigia hodi.

Kwa hiyo ile chupa ya dawa ya kupe, iko kwa nani? Ilete hapa leo, uiweke mikononi mwangu, kisha tunywe chai. Mungu akupe moyo wa kuuliza kabla ya kutenda. Aibariki mikono yako isizibe kilichofunguliwa na wengine. Akupe mke, akupe watoto, nawe uzeeke ukinywa maji ya karibu na nyumba yako, hata wageni wakija uwape bila hofu. Amina. Sasa inuka, ukailete.